Maswali ya wasomaji: Sinia la Kusini na makundi sita ya chakula

Toleo lililopita tulieleza kwa kifupi mwongozo wa taifa wa chakula na ulaji wa mwaka 2023, ule wa Tanzania Bara unaogawa vyakula katika makundi sita badala ya matano tuliyokariri shuleni. Barua za Mtwara na Lindi zimekuja kwa wingi, na karibu zote zinauliza jambo moja kwa maneno tofauti: haya yameandikwa kwa watu wa mjini wenye friji, au na sisi wa muhogo na mbaazi tumo? Mmo. Tumechagua barua tisa. Ya muhogo mchungu tumeipa nafasi kubwa kuliko zote kwa sababu inagusa uhai.

Nimesoma hayo makundi sita. Kwangu asubuhi ni muhogo wa kuchemsha, mchana ugali wa muhogo, jioni viazi vitamu, na ming'oko ikipatikana tunachemsha. Je, hayo si makundi manne tayari? – Msomaji, Newala

Ni kundi moja, ndugu yetu, limevaa kanzu nne. Nafaka, mizizi yenye wanga na ndizi za kupika vyote ni kundi la kwanza. Ming'oko nayo imo humo humo: kuchimbwa porini hakuigeuzi kuwa mboga. Kundi la pili ni vyakula vya asili ya wanyama, yaani samaki, dagaa, pweza, mayai, nyama na maziwa. La tatu ni jamii ya kunde, karanga na mbegu za mafuta, na hapo Kusini ni matajiri: mbaazi, choroko, kunde, njugu mawe, karanga, ufuta na korosho yenyewe. La nne ni mboga za majani na mbogamboga nyingine. La tano matunda. La sita mafuta, na hilo ni la kutumia kwa kiasi.

Neno "mboga" limetuchanganya wengi. Nyumbani tukisema "leo mboga ni dagaa", tunamaanisha kitoweo. Kwenye mwongozo dagaa ni kundi la pili na kisamvu ni kundi la nne, kwa hiyo aliyekula ugali kwa dagaa bado hajala mboga. Hapo ndipo sinia nyingi zinapopwaya: ugali umejaa, kitoweo kipo, majani hayapo.

Kipimo cha mboga na matunda kinachopendekezwa na Shirika la Afya Duniani ni gramu 400 kwa siku kwa mtu mzima. Kwa lugha ya jikoni, ni upawa uliojaa wa mboga iliyopikwa mchana, upawa mwingine usiku, na matunda mawili ya ukubwa wa chungwa, au vipande viwili vya papai. Ugali ukubwa wa ngumi mbili unamtosha mtu mzima asiyelima siku hiyo. Anayeshinda na jembe aongeze, lakini aongeze na mbaazi pia, si ugali peke yake.

Tahadhari moja kuhusu vya kuchimba: ming'oko isichanganywe na ndiga. Ndiga ina sumu na kuiondoa kunataka kukata vipande vyembamba na kuloweka siku kadhaa kwenye maji yanayobadilishwa. Mtoto au mgeni asitumwe kuchimba peke yake.

Mvua zilikatika mapema, tukavuna muhogo mchungu kabla ya wakati. Tuliumenya, tukautwanga, tukaanika siku mbili, tukasaga. Baada ya kula ugali, watu wawili nyumbani walipata kizunguzungu, wakatapika. Jirani anasema unga umeoza, bibi anasema tumerogwa. Kiroba kilichobaki tukifanyeje? – Msomaji, Tandahimba

Kiroba hicho msikile, wala msikipe mifugo. Unga uliokwisha kuwatapisha watu una sumu nyingi kupita kiasi cha kubahatisha. Na mtu akiona dalili hizo tena, yaani kichwa kuuma, kizunguzungu, kutapika, moyo kwenda mbio saa chache baada ya kula, apelekwe zahanati mara moja na wahudumu waambiwe kwamba amekula muhogo.

Haijaoza, wala hamkurogwa. Muhogo una kitu kiitwacho linamarini. Ndani ya mzizi huo huo kuna kimeng'enya kinachoweza kuivunja linamarini hadi ikawa hewa ya sayanaidi ikatoka zake. Viwili hivi vimekaa vyumba tofauti. Kuloweka na kutwanga kunabomoa ukuta kati yao, kisha kunahitajika unyevu na muda ili kazi ifanyike. Sasa tazameni mlichofanya: mlitwanga, vizuri, lakini mkaanika kwenye jua kali siku mbili tu. Unga ukikauka haraka, kimeng'enya kinasimama kazi katikati na sumu inabaki imefungwa ndani. Moto wa jikoni nao hauitoi, kwa sababu joto la kusonga ugali linakiua kimeng'enya kwanza na linamarini inabaki. Mizizi iliyopigwa na ukame inakuwa na sumu zaidi kuliko ya mwaka wa mvua nzuri, hivyo njia ya mkato iliyowapitisha salama mwaka jana inaweza kuwaangusha mwaka huu.

Njia iliyo salama kuliko zote ni kuloweka. Tunajua maji kwenye uwanda wa Makonde ni ya kuhesabu kwa ndoo, na hiyo ndiyo sababu wengi huko wakazoea makopa ya kuanika tu. Lakini ndoo moja ya lita 20 inaloweka takriban kilo 10 za muhogo uliomenywa. Kata vipande, jaza maji hadi vizame, funika, acha siku tatu hadi nne mpaka ubonyezapo kwa vidole vipondeke. Kwenye baridi inaweza kufika siku tano. Bakiza kikombe cha maji hayo ukianzishie ndoo inayofuata, yanaharakisha uchachu. Mengine yamwagwe mbali na mbuzi na kuku. Kisha kamua, toa nyuzi, anika, saga.

Kwa unga ambao tayari umesagwa na haujamdhuru mtu, lakini huna hakika na maandalizi yake, iko njia ya kulowanisha ambayo haihitaji kifaa chochote. Weka unga kwenye beseni, usawazishe, tia alama ya kalamu pembeni pale ulipofika. Ongeza maji kidogo kidogo huku ukikoroga. Kwanza unga utashuka chini ya alama, kisha utaanza kupanda, na ukirudi kwenye alama acha kuongeza. Utandaze juu ya mkeka safi, unene usiozidi sentimita moja. Saa mbili juani au saa tano kivulini zinatosha. Songa ugali siku hiyo hiyo, kwani unga mbichi ukilala unaota ukungu. Njia hii inapunguza sumu iwe kati ya theluthi na sehemu ya sita ya ilivyokuwa. Makosa mawili yanaiharibu: tabaka nene, ambalo hewa haipati pa kutokea, na haraka ya kuusonga baada ya nusu saa.

Kwa nini tunasisitiza hivi? Kiwango salama cha kimataifa kwa unga wa muhogo ni miligramu 10 za sayanaidi kwa kilo. Unga wa makopa unaweza kukivuka kiwango hicho mara nyingi bila kubadilika rangi wala harufu. Masasi ilishapata watu waliodhurika kwa muhogo usiotolewa sumu mwishoni mwa miaka ya 1980, na mwaka 2002 na 2003 mkoani Mtwara kulikuwa na mlipuko wa konzo, ugonjwa wa miguu kukaza ghafla na kupooza. Konzo haiponi. Inawashika zaidi watoto na wanawake walio katika umri wa kuzaa, na inawashika wale ambao kwa wiki nyingi wamekula muhogo mchungu bila kitoweo cha maana.

Hapo makundi sita yanaacha kuwa picha ya ukutani. Mwili unaondoa sumu ya sayanaidi kwa kutumia salfa inayotoka kwenye protini. Dagaa, mayai, samaki, hata kunde na mbaazi kwa sehemu yake, ndivyo vinavyoupa mwili salfa hiyo. Nyumba mbili zinaweza kula unga wa kiroba kimoja, yenye dagaa ikapona, yenye chumvi na pilipili ikapata kilema.

Na kisamvu, kwa kuwa wengi mnakiuliza pamoja na hili: majani nayo yana sumu ile ile. Yatwangwe hadi yalainike kabisa, yaachwe dakika kumi na tano au zaidi kabla ya kwenda motoni, yachemshwe chungu kikiwa wazi. Kufunika kunarudisha mvuke ndani. Magadi msitie: yanalainisha, ndiyo, lakini yanaua vitamini na kuongeza sodiamu.

Sisi tunatumia chumvi ya mawe inayovunwa hapa hapa pwani, bei yake nafuu. Mhudumu wa afya anasema haifai. Chumvi si chumvi? Na ng'onda je? – Mama wa nyumbani, Mikindani

Chumvi ni chumvi kwa ladha, mama. Tofauti ni madini joto. Bahari ina madini joto kidogo mno kuweza kubaki ya kutosha kwenye chumvi ya jua, ndiyo maana sheria inataka chumvi ya kula iongezwe madini hayo kiwandani. Kwa anayekula muhogo kila siku hitaji ni kubwa zaidi, maana sumu ya muhogo mwili unapoivunja huacha kitu kinachozuia tezi ya shingo kuchukua madini joto. Matokeo ni rovu kwa mtu mzima, na kwa mjamzito mwenye upungufu, mtoto anaweza kuzaliwa akili ikiwa imedumaa. Nunua pakiti iliyoandikwa kuwa ina madini joto, ihamishie kwenye kopo lenye mfuniko mbali na moshi na mvuke wa jiko, na utie chumvi chakula kikikaribia kuiva. Pakiti iliyoachwa wazi juu ya kichanja inapoteza madini kwa unyevu wa pwani.

Kiasi: chini ya gramu 5 kwa mtu mzima kwa siku nzima, yaani kijiko cha chai kimoja kisichojaa sana, pamoja na chumvi iliyofichwa kwenye mikate, vikolezo vya kopo na samaki wakavu. Hesabu rahisi ni hii. Watu wazima sita wanastahili gramu 30 kwa siku. Pakiti ya nusu kilo inapaswa kuwafikisha siku kumi na sita. Ikiisha kwa wiki moja na hamkuuza chapati, mnakula maradufu.

Ng'onda na papa mkavu mle, ni protini nzuri. Waloweke nusu saa hadi saa nzima, mwaga maji, rudia mara ya pili, na chungu hicho usikitie chumvi nyingine. Aliyeonja mchuzi wa ng'onda akasema "haujakolea" ulimi wake umezoea vibaya. Utazoea upya baada ya wiki chache.

Mwanangu ana miezi saba. Namsagia unga wa lishe wenye mahindi, mtama, ulezi, mchele, ngano, soya na karanga vyote pamoja, lakini uzito hauongezeki. – Mama, Masasi

Nafaka tano ndani ya unga mmoja ni kundi moja tena, mama, kama muhogo wa yule wa Newala. Mtoto hapati zaidi kwa sababu majina yameongezeka. Chukua nafaka moja unayoipata kwa urahisi, iwe mahindi ya dona, mtama au ulezi, isage peke yake. Karanga na soya zikisagwa na unga na kuwekwa wiki kadhaa, mafuta yake yanachacha, na karanga zikiwa na ukungu zinaleta sumukuvu. Soya isiyokaangwa vizuri nayo inamsumbua tumbo. Vitu hivyo viongezwe siku ya kupika.

Lakini tunashuku kosa lingine: uji mwepesi. Tumbo la mtoto wa miezi saba ni dogo, ukilijaza maji unga hauna pa kukaa. Uji ukiinamisha kijiko unapaswa kung'ang'ania, usitiririke. Kwa vikombe viwili vya robo lita vya maji anza na vijiko vinne hadi vitano vya chakula vya unga. Ukiiva, tia kijiko cha chakula cha karanga au ufuta uliosagwa laini na kijiko cha chai cha unga wa dagaa. Mpe nusu kikombe cha robo lita mara mbili hadi tatu kwa siku, na ziwa liendelee kama kawaida. Akifika miezi tisa iwe mara tatu hadi nne, na akitimiza mwaka kiasi kiongezeke hadi robo tatu ya kikombe au kikombe kizima. Karanga, dagaa na mayai anza na kidogo, kimoja kimoja, uangalie kama anapata vipele au kuvimba. Kisha matunda: papai lililopondwa, embe, na mboga ya majani iliyopondwa ndani ya chakula cha mchana.

Unga wa dagaa unafanywa hivi. Dagaa wa pwani huchemshwa kwa maji ya chumvi kabla ya kuanikwa, na wengi wana mchanga. Waoshe mara mbili kwa maji ya uvuguvugu, toa vichwa kama vina mchanga, waanike tena, wakaange bila mafuta mpaka wavunjike kwa vidole, twanga, chekecha kwa chekecheo laini. Kopo dogo linatosha wiki mbili, usitengeneze la miezi.

Uji wa muhogo mtupu usiwe chakula cha mtoto. Gramu 100 za unga wa muhogo zina protini karibu gramu 1 hadi 2. Za mahindi zina kama 8. Korosho nzima na karanga nzima asipewe hadi apite miaka mitano, zinakaba. Sukari haihitajiki. Na kadi ya kliniki uifuatilie: mstari ukilala miezi miwili mfululizo licha ya haya yote, mtoto apimwe, kunaweza kuwa na ugonjwa nyuma yake. Kwa takwimu za taifa za mwaka 2022, watoto 30 kati ya 100 walio chini ya miaka mitano wamedumaa, na udumavu mwingi hupatikana kabla mtoto hajatimiza miaka miwili.

Nina shinikizo la damu na nimeambiwa niache nazi. Lindi bila nazi tutakula nini? – Mzee, Lindi mjini

Shikamoo mzee. Kwa presha, adui wa kwanza ni chumvi, soma jibu la Mikindani hapo juu kama limeandikwa kwa ajili yako. Nazi kesi yake ni nyingine: mafuta ya tui kwa sehemu kubwa ni ya aina inayoganda, nayo yanapandisha lehemu kwenye damu. Hatusemi uiache. Tunasema ihesabiwe, maana kwenye sinia moja la pwani unakuta wali wa nazi, mbaazi za nazi na samaki wa kupaka, tui tatu zimekutana. Chagua chungu kimoja. Siku ya wali wa nazi, mbaazi ziungwe kwa nyanya na kitunguu, samaki achomwe. Tui liwe jepesi, tui zito libaki la sikukuu. Nazi moja kwa watu sita hadi wanane inatosha ladha.

Samaki wa kukaanga kwenye mafuta yaliyorudiwa mara nne si mbadala wa nazi. Na dawa ya presha usiiache kwa sababu umebadilisha chakula.

Msimu wa minada ya korosho tunakula nyama na wali. Ikifika Februari ni muhogo na chumvi. Mwongozo unasemaje kwa mtu asiye na hela? – Mkulima, Ruangwa

Mwongozo unataja makundi, hautaji nyama kila siku. Tatizo ulilolitaja ni la kalenda, na tunakubaliana nawe kwamba mabango mengi ya lishe yanaandikwa kana kwamba mwaka mzima ni Novemba.

Hesabu ya akiba ifanywe mbaazi zinapovunwa au malipo ya korosho yanapoingia, kabla ya kitenge na simu. Mtu mmoja anatosheka na gramu 80 za mbaazi kavu kwa siku. Familia ya sita ni karibu nusu kilo. Januari hadi Machi ni siku 90, kwa hiyo kilo 45 zinawapitisha kila siku. Mkila siku moja moja kwa kuruka, kilo 23. Ni gunia moja lisilojaa. Mbaazi zisiuzwe zote halafu Februari zikanunuliwa kwa bei ya dukani.

Kinachowaangusha wengi ni fukusi. Anika mpaka punje ukiing'ata ivunjike kwa mlio badala ya kubonyea, ipoe, kisha ijazwe kwenye mifuko ya kuhifadhia nafaka yenye tabaka za nailoni ndani. Kamua hewa yote, funga kila tabaka peke yake. Wadudu waliomo wanakosa hewa na kufa. Ukifungua mfuko kila jioni kuchota kikombe umeharibu kazi, kwa hiyo gawa kwenye mifuko midogo ya mwezi mmoja. Kabla ya kupika loweka usiku kucha na umwage maji yake: kuni zinapungua na gesi tumboni inapungua.

Majani ya kunde na maboga yanapokuwa tele, yachovye kwenye maji yanayochemka dakika mbili tatu, uyaanike kivulini penye upepo. Jua linaunguza vitamini A. Embe za Desemba zikatwe vipande vyembamba zianikwe chini ya chandarua. Na panda mpapai nyuma ya bafu, maji ya kuogea yanautosha.

Baba yangu ana kisukari. Ameambiwa na wenzake kijiweni aache sembe ale muhogo tu kwa sababu hauna sukari. – Msomaji, Nachingwea

Kijiwe kimekosea. Muhogo ni wanga karibu mtupu, na wanga tumboni unageuka sukari kama wa sembe. Kinachomsaidia ni ukubwa wa donge, liwe kama ngumi yake moja, robo ya sahani, la dona au la mtama, nusu ya sahani iwe majani, robo iliyobaki mbaazi au samaki. Dengu na choroko zinapandisha sukari polepole. Chai bila sukari. Embe moja dogo badala ya sinia. Kama anatumia dawa au sindano asiruke mlo, sukari inaweza kushuka ghafla, na mabadiliko makubwa ya chakula ayajue daktari wake ili dozi iangaliwe.

Mkwe wangu ananikataza mayai kwa kuwa mimi ni mjamzito, eti mtoto atazaliwa bila nywele. – Kilwa Kivinje

Mayai hayahusiani na nywele za mtoto. Kula yaliyoiva sawasawa. Ongeza mlo mmoja mdogo juu ya ile uliyozoea, meza vidonge vya kuongeza damu vya kliniki kila siku, na chai ya rangi iachane na chakula kwa saa nzima kwa sababu inazuia madini ya chuma kuingia mwilini. Limao au embe kwenye mlo wa mbaazi linafanya kinyume, linayasaidia. Na kama unatafuna udongo, sema kliniki bila haya: mara nyingi ni dalili kuwa damu imepungua. Mkwe usibishane naye. Mpeleke siku ya kliniki akasikie mwenyewe kwa mkunga.

Mabibo yanaoza chini ya mikorosho kwa magunia. Ni tunda la kuhesabiwa au ni la kutengenezea pombe ya uraka tu? – Mtwara vijijini

Ni tunda, tena lina vitamini C mara tatu na zaidi ya chungwa. Linalolifanya likimbiwe ni ule ukakasi unaokwaruza koo, na ukakasi unatoka. Okota yaliyoanguka asubuhi hiyo hiyo, yasiyopasuka, kwa sababu likishinda siku moja linaanza kuchachuka. Ng'oa korosho bila kuuma ganda, mafuta ya ganda yanababua midomo. Osha, kata vipande, vichemshe kwa mvuke dakika tano hadi kumi, au vipake chumvi kidogo uviache robo saa kisha uvisuuze.

Kwa juisi, kamua, kisha kwa kila lita tia vijiko viwili vya chakula vya uji mwepesi sana wa wanga wa muhogo au maji ya wali yaliyopoa, koroga na uache itulie. Ukakasi unashikana na wanga na kuzama. Chuja ya juu kwa kitambaa safi, ikibaki na ukakasi rudia. Chemsha kidogo, inywe siku hiyo, na sukari usitie: lenyewe ni tamu. Ikilala nje ya friji hadi kesho yake, itakuwa inaelekea kwenye ile ya pili uliyoitaja.